Mdudu wa Kinywani

Boti lilikwisha kuacha gati la Faza Yasir alipotokea mbio, viatu kavishika, bakora hana. Alikuwa ametumwa nyumbani kuifuata bakora ya ami yake. Bakora yenyewe ilikuwa botini, chini ya miguu ya shangazi yake, Bi Mwanaarabu, imefunikwa kanga.

"Nahodha, ongeza moto," alisema Bi Mwanaarabu. "Maji yapwa. Mkondo wa Mkanda haumngoji mtu."

Yasir alifika ukingoni akihema. Kigugumizi alikuwa nacho tangu utotoni. Neno lake mwenyewe humkwama kama mwiba.

"A-a-ami! Se-se-sema! Sema, ami!"

Boti zima likacheka.

"Juha kweli huyu," nahodha akasema. "Amwambia bubu aseme!"

Bwana Mohdhar hakucheka. Alikaa juu ya mto aliowekewa, kofia ya vito kichwani, midomo kaifumba, akitazama gati likipungua. Simu ya Bi Mwanaarabu ikaita. Akaitazama, akaizima.

Huu ulikuwa mwaka wa pili mzee hajatamka neno. Kabla ya hapo alikuwa ameikubali posa ya Fahmi kwa bintiye Sumeiya. Mbele ya wazee alitoa mkono, Fatiha ikasomwa. Halafu akasikia kuwa huyo Fahmi, na usomi wake wote, kazi yake ni kupasua samaki na kuwatafuta wadudu wao. Wiki haikutimia, mzee akaamka asubuhi hasemi. Watu wakasema kiharusi. Uso haukupinda wala mkono haukulegea; wakasema Mungu kamhurumia.

Toka hapo msemaji akawa Yasir, mtoto wa ndugu yake, aliyekuwa akimlisha na kumfulia. Alidai anamfahamu ami yake kwa macho tu. Kila akitoka chumbani ana habari. Ami asema Sumeiya haolewi. Ami asema Fahmi asikanyage hapa. Ami asema samaki hakukoleya munyu.

La munyu ndilo lililomchoma Bi Mwanaarabu, maana samaki huyo mpishi wake ni yeye. Tena kijana mwenyewe akiwa dukani husema chumvi kama wenzake. Leo ajifanya mzee! Na ajabu, maneno ya ami hayakumkwama hata kidogo. Aliyatoa moja kwa moja, kama mtoto aliyehifadhishwa sura.

"Uongo hauna kigugumizi," Bi Mwanaarabu alipenda kusema. Mji mzima ukamdharau Yasir, hata wale ambao hajapata kuwakosea. Watu wakimwona walimwita mla vya bubu.

Ndiyo maana siku hiyo aliachwa gatini. Walikuwa wakienda Amu, ndiyo Lamu, kufunga nikaha ya Sumeiya na Fahmi, na kwenye nikaha hiyo ulimi wa Yasir haukutakiwa.

Bi Mwanaarabu alikuwa na pakacha la changu wa karamu. Fahmi, asiyeweza kukaa na samaki asimpekue, alimchukua mmoja akamfungua kinywa. Palipotakiwa kuwa na ulimi, alikaa mdudu mweupe mwenye vijiguu, macho meusi mawili yakitazama nje.

"Yarabi!" Bi Mwanaarabu akaruka. "Nini hiki?"

"Kimelea, Bi. Kiumbe aishiye kwa mwili wa mwenzake. Wako wa ndani, kama minyoo. Wako wa nje, kama chawa. Huyu wataalamu wamhesabu wa nje."

"Wa nje, naye yumo kinywani?"

"Kinywa ni mlango tu. Aliyekaa mlangoni hajaingia ndani." Fahmi akamgusa mdudu kwa ncha ya kisu. "Hupita kwenye matamvua, akaukamata ulimi, akaunyonya damu hata ukanyauka. Halafu hukaa papo hapo, akawa ulimi yeye."

"Yasir huyo!" Bi Mwanaarabu akapiga makofi. "Mtazame vizuri, utamwona na kigugumizi chake!"

Watu wakacheka tena. Sumeiya, aliyekaa karibu na baba yake, ndiye pekee aliyeuliza:

"Na akitolewa?"

"Samaki hubaki hana ulimi," Fahmi akajibu, akambandua mdudu na kumtupa majini. Mzee alimfuata kwa macho mpaka alipozama.

Amu, ukumbi ulijaa wazee wale wale walioshuhudia posa. Sheikh alimsogelea Bwana Mohdhar kwa adabu.

"Bwana, ulimi wako una udhuru. Ishara yatosha. Ahadi uliyoitoa mbele ya hawa, ungali nayo? Kama umeivunja, tikisa kichwa tuone."

Mzee aliutazama mlango. Hakuingia mtu. Akawatazama wazee, mmoja mmoja, nao wakamtazama. Mishipa ya shingo ikamsimama.

Akainamisha kichwa. Amekubali.

Bi Mwanaarabu alipiga kigelegele mpaka sauti ikamkauka.

Sumeiya na Fahmi wanakaa Amu. Wana mtoto wa kike. Yasir alizikuta nguo zake zimetupwa nje. Sasa anaosha maboti ya wageni Ras Kitau, na kigugumizi kimemzidi. Akiulizwa habari za ami yake hujibu kuwa aliapishwa, basi. Chakula cha mzee hupelekwa na Bi Mwanaarabu.

Bwana Mohdhar yuko Faza, yeye na paka wake. Juzi Bi Mwanaarabu alirudi kufuata kawa ya kufunikia chakula aliyoisahau, akasimama nyuma ya pazia. Ndani, mzee alikuwa amempakata paka, uso kwa uso.

"Enda," akamwambia, sauti safi kama ya mwadhini, "kamwambiye Mwanaarabu samaki hakukoleya munyu."