Kisutu cha Kijani

Tangu wakuu watubandike machoni lenzi zinazofuta rangi nyekundu, kisutu, ile kanga nyekundu ya harusi, cha binti yangu Somoe kimekuwa rangi ya majivu. Mimi nilikataa. Nilichora maua yake kwa kijani kwenye mkanda wa filamu, nikauonyesha ukutani wanawake wa harusini wakitazama.

Mkaguzi wao akaingia bila hodi. "Bi mkubwa, nini hiki?"

"Kijani, baba. Nacho marufuku?"

Akakodoa macho ukutani, akitafuta kosa. Nikazima taa ya filamu.

"Wanangu, fumbeni macho."

Jicho likichoshwa na kijani hujizalia wekundu. Kisutu kikawaka ndani ya kope zetu, ambako lenzi zao hazina amri. Vigelegele!

"Haya, tukamate," nikamwambia mkaguzi.

Alikuwa bado amefumba macho.