Haradali ya Bibi Hemnalini

Bwana harusi aliinuka tena kando ya moto wa ndoa, akaenda kufuta lenzi ya kamera, kisha akarudi kukaa.

"Tulia wewe, Bibi atashtuka," dada yake Sharmistha alimnong'oneza.

Filamu ya Sharmistha ya vyakula vya kale vya Kolkata ilikuwa imebakiza kitu kimoja tu: haradali ya kusaga ya Bibi Hemnalini, ile inayomfanya samaki wa jana ajione wa leo. Lakini Bibi alishakata kauli. Siri ya haradali hupewa mke wa mjukuu, si mjukuu wa kike, maana huyo ataolewa, akaimwage kwa watu. Na pumzi zake, alisema mwenyewe, zilikuwa za kuazima.

Basi Sharmistha akatunga harusi ya uongo. Nirupam, mdogo wake na mpiga picha wake, akawa bwana harusi. Paromita wa vinasa sauti akawa bibi harusi. Kuhani aliagizwa kwa simu kutoka kikundi cha maigizo, Nirupam akaenda kumpokea. Maskini, tangu baridi ianze alikuwa akiomba likizo, na kila mara dada yake alimjibu kwamba hatoki mtu mpaka filamu iishe.

Mambo yalinyooka kuliko alivyotarajia. Majirani walimbeba Paromita juu ya kigoda, uso kaufunika kwa majani ya tambuu. Kuhani aligoma kuharakishwa, eti saa ya heri haijafika. Sharmistha akafurahi kwamba kwa bei ile kapata mwigizaji wa maana. Mama yake Paromita alilia mpaka sari ikalowa. Sharmistha akamwomba alie tena, safari hii ageukie kwenye mwanga. Mama wa watu akageuka, akalia.

Nirupam alipompaka bibi harusi rangi nyekundu kwenye njia ya nywele, nusu ya rangi ikaishia puani. Huyu kuigiza hawezi kabisa, Sharmistha alijisemea.

Hatimaye Bibi akamshika mkwe mkono, akamwingiza chumbani, akafunga mlango. Sharmistha akabana hedifoni masikioni. Kinasa sauti kilikuwa ndani ya ushungi wa Paromita, na kilisikia hadi bangili.

"Haradali, embe mbichi, manjano, chumvi," Bibi alinong'ona. "Siri gani? Hata chupa za dukani zimeandikwa. Haya niambie, yule kuhani wa maigizo mmemficha wapi?"

"Yuko jikoni, Bibi, anakula samaki," Paromita alijibu. "Nirupam ilibidi alete wa kweli. Likizo ya kuoa angeipata lini?"