Mfalme wa Baba Shija

Siku hizi hakuna talaka mpaka wanandoa wamalize mchezo mmoja wa sataranji, wakipokezana kusogeza kete moja kwa siku, kwenye ubao wa mahakama unaowekwa juu ya meza yao ya chakula. Anayeshinda hubaki na nyumba.

Asubuhi ya siku ya arobaini na moja, Nyamizi aliketi mezani akaona mfalme wa mumewe yuko wazi kabisa. Yeye akimsogeza malkia wake miraba mitatu tu, mchezo umekwisha.

"Baba Shija, jana ulikuwa unacheza au unasinzia?"

Mumewe alikuwa anammiminia chai ya tangawizi. Tangu mchezo uanze, hawakugusa kete kabla ya chai, na mpishi alikuwa yeye.

"Sikusinzia. Matofali ya nyumba hii uliyafyatua wewe, Mama Shija, mimi nikiwa safarini. Maliza."

Nyamizi akaonja chai. Ilikuwa na sukari vijiko viwili na nusu, vilevile anavyoipenda. Siku zote alijitilia sukari mwenyewe; hakujua kwamba mumewe anajua kipimo chake.

Akamshika malkia, akamrudisha nyuma.

Ubao ukawaka taa nyekundu. "Ungeweza kushinda leo," ulisema kwa sauti ya upole. "Mahakama inaomba sababu."

Walitazamana. Nyamizi akavua kanga mabegani, akaufunika ubao. Ile taa nyekundu ikaendelea kupenya kwenye maua ya kanga, ikisubiri jibu.

"Kesho zamu yako," akamwambia mumewe. "Na safari hii mlinde mfalme wako."