Gauni Jeusi la Mama Naomi

Siku hizi vitabu vya wasomi havikai tena kwenye rafu. Hupandikizwa vichwani mwa watu, na kila nyumba lazima ibebe kimoja. Nyumbani kwa mzee Mbwambo kililetwa kitabu kinene kuhusu harusi za wakulima wa Ujerumani ya zamani, kikapandikizwa kichwani mwake. Mkewe, Nakijwa, alifurahi. Mume aliyekuwa bubu mezani sasa anasimulia mpaka ugali unapoa.

Leo, wakipukuchua maharage uani, akamtania.

"Baba Naomi, maharusi wa Kijerumani umewajua wote. Haya, mimi siku yetu nilivaa nini?"

Mbwambo akamtazama kwa upendo ambao Nakijwa hakuwa ameuona kwa miaka mingi.

"Gauni jeusi, na shada la majani ya mihadasi kichwani. Nitasahauje, Mama Naomi? Ulipendeza mpaka nikashindwa kuimba kanisani."

Kweli alishindwa kuimba. Lakini gauni lilikuwa jeupe, la kuazima kwa dada yake; jeusi na mihadasi vilikuwa vya maharusi wa kitabuni.

"Nilipendeza kweli?"

"We acha tu!"

Nakijwa akacheka naye. Kisha akaingia ndani, akaitoa picha ya harusi ukutani kabla mumewe hajaitazama tena.