Mbavu za Sinia Moja

Tangu meno yamwishe, Bi Msimu alikula uji wake chumbani, kwa kuwa hakutaka watu wamwone akishindwa na tonge. Akiitwa kwenye sinia, husema ameshiba.

Mwanaidi, mke wa mwanawe, hakubishana naye. Alinunua mbavu za ng'ombe, akazipaka papai bichi lililosagwa na tangawizi na kitunguu saumu, akazilaza hadi asubuhi. Kisha akazibandika juu ya makaa machache, zikatokota polepole mchana kutwa. Kila mara alifunua sufuria akajaribu kuchomoa mfupa. Ukikataa, alifunika tena.

Mfupa ulipotoka wenyewe, aliurudisha taratibu mahali pake ndani ya nyama, ili zionekane mbavu za kawaida za kuliwa na wote. Akapakua wali na mbavu kwenye sinia moja, akatandika mkeka mlangoni mwa chumba cha mkwewe.

"Mama, njoo unionjee. Sijui kama chumvi imekolea."

"Kuonja tu," alisema Bi Msimu, akaketi.

Aligusa ubavu mmoja, nyama ikaachia. Akautazama mfupa, kisha akamtazama Mwanaidi.

"Ng'ombe huyu umemuua mara ya pili."

"Imezidi kuiva, Mama. Nisamehe."

"Muongo wewe."

Alitafuna kwa fizi, bila haraka. Kisha akachambua pande lililonona, akalisogeza upande wa Mwanaidi, kama alivyomfanyia zamani alipoletwa bibi harusi. Mkono wake haukurudi mapajani. Ulibaki juu ya sinia, ukichagua ubavu mwingine.