Wimbi la Mbeyu

Sheria ilikuwa moja: kumbukumbu ikishatiwa kwenye filamu, ilimtoka mwenyewe na kuwa ya kila aliyeitazama. Mbeyu, mwanamke wa kwanza pwani yao kupanda mawimbi kwa ubao, aliitoa yake ya wimbi la kwanza kwa ajili ya filamu ya historia.

Asubuhi moja, akipakua mbaazi, alimsikia jirani yao Sidi akimwambia Kazungu, mume wa Mbeyu, “Shemeji, ubao ulivyotetemeka, nilicheka peke yangu.”

“Na maji ya chumvi yakatuingia puani,” akadakia Kazungu, macho yakimng’aa.

Mbeyu akaweka upawa chini.

“Nilianguka?” akauliza.

Wakatazamana, wakacheka kama watu waliokuwa pamoja.

“Mama Dzame,” mumewe akamwambia kwa upole, “laiti ungekuwepo.”