Chanzo Hakijulikani

Siwema alimkabidhi Mwalimu Lubasha karatasi ya hospitali kwa mikono miwili. Aliingoja siku hii tangu wamzike mumewe, maana karatasini mlikuwa na neno moja refu la kidaktari, naye aliamini ndilo litakalomsafisha mbele ya wakwe.

Mwalimu, aliyefundisha sayansi miaka thelathini, alivaa miwani. "Wanasema moyo ulitanuka. Kisha wameongeza hili: idiopathiki."

"Ndiyo nini hiyo, Mwalimu?" aliuliza Bi Nyamizi, mama wa marehemu.

"Ni sifa ya ugonjwa ambao chanzo chake hakijulikani. Daktari huliandika neno hili akishapima kila kitu asione kitu."

"Kwa hiyo hawajui kilichomuua mwanangu."

"Hawajui, Bi Nyamizi."

"Wala hawajasema kwamba si mkono wa mtu."

Mwalimu aliikunja karatasi taratibu. Siwema akafanya alilolizoea kwa miaka kumi na mmoja ya ndoa: akachota togwa mtungini, akapiga magoti, akampa mama mkwe kata.

Katika nyumba ile, kinywaji huonjwa kwanza mbele ya mgeni, ili ajue hakina sumu. Mzazi hakuwahi kuonjewa.

Bi Nyamizi aliipokea kata, akaitazama, akamrudishia.

"Tangulia wewe, mwanangu."

Siwema aliishika kwa mikono miwili, akaiinua mdomoni.